Jalada Likihama, Lihame Mapema

Jaswant Singh Khalra alikuwa mtu wa benki mjini Amritsar, katika jimbo la Punjab, kaskazini magharibi mwa India. Jimbo hilo lilikuwa limetoka kwenye miaka zaidi ya 10 ya umwagaji damu kati ya wapiganaji waliotaka nchi ya Masingasinga na polisi waliotumwa kuwazima. Vijana wengi walikuwa wamechukuliwa majumbani na hawakurudi. Khalra alianza kwa kuwatafuta watu aliowafahamu. Akafika kwenye maeneo ya kuchomea maiti, akaomba kuona madaftari ya manispaa, na humo akakuta kitu ambacho hakuna aliyefikiria kukificha: hesabu ya kuni. Polisi walipoleta mwili waliandikiwa kuni za kuuchomea, na penye jina la marehemu pakaandikwa kwamba hajulikani wala hana mwenyewe. Madaftari yalikuwa na kurasa nyingi za namna hiyo.

Januari 1995 Khalra alitangaza aliyoyaona. Alipokwenda Mahakama Kuu ya jimbo aliambiwa kwamba yeye si ndugu wa waliopotea, hivyo hana haki ya kuyauliza. Asubuhi ya tarehe 6 Septemba mwaka huohuo alichukuliwa nje ya nyumba yake. Mkewe, Paramjit Kaur, alikwenda polisi na polisi wakasema hawamjui aliko. Siku chache baadaye shauri lilikuwa limefika Mahakama ya Juu mjini Delhi, na tarehe 15 Novemba majaji waliamua kwamba polisi wa Punjab hawawezi kuachiwa kazi hiyo. Waliikabidhi kwa idara ya upelelezi ya Serikali Kuu, CBI, wakaiamuru ichunguze mambo mawili kwa pamoja: kutoweka kwa Khalra na miili iliyochomwa.

Kwa ushahidi ambao mahakama iliukubali miaka 10 baadaye, Khalra alikuwa hai mikononi mwa polisi kwa majuma kadhaa baada ya kukamatwa. Aliuawa mwishoni mwa Oktoba na mwili wake ukatupwa kwenye maji eneo la Harike. Amri ya kuhamisha upelelezi ilipotiwa saini alikuwa ameshakufa, na muda uliokuwa umepita tangu kifo chake ulihesabika kwa siku tu.

Historia ya mahakama za India kuwapokonya polisi wa jimbo majalada ya jinai husimuliwa na wanasheria kama historia ya mamlaka: je, jaji anaweza kufanya hivyo, na kwa kifungu kipi? Swali hilo lilijibiwa mwaka 2010 na jibu lake ni zuri. Lakini ukizisoma kesi zenyewe kwa kufuatana miaka, unaona kwamba kilichowashinda majaji mara nyingi kilikuwa muda. Uwezo walikuwa nao, wakaja kuutumia jioni, baada ya waliotaka kufuta nyayo kumaliza kuzifuta.

Mwanzo wa historia hiyo unatuhusu hata sisi wa Afrika Mashariki. Polisi wa India waliundwa kwa sheria ya mwaka 1861, miaka michache baada ya maasi makubwa ya 1857 dhidi ya Waingereza. Kilikuwa chombo cha kuwalinda watawala kwanza. Sheria za jinai zilizotungwa Calcutta katika zama hizo zilivuka bahari na kutumika hadi huku kwetu, Kenya na Tanganyika, mpaka zilipoandikwa kanuni mpya za adhabu mwaka 1930. Rufaa za mwisho za kwao na za kwetu zilikwenda mahali pamoja, London, kwenye Baraza la Mfalme. Na ni baraza hilo lililotoa, mwaka 1944, hukumu iliyowafunga mikono majaji kwa kizazi kizima. Mahakama Kuu ya Lahore ilikuwa imesimamisha upelelezi wa polisi. Baraza likasema hapana: kazi ya polisi ni kupeleleza na kazi ya mahakama ni kuhukumu, moja hukamilisha nyingine lakini haiingilii. Jaji angojee jalada limfikie.

Kwa kesi ya wizi wa ng'ombe msimamo huo una maana. Jaji anayeshika uongozi wa upelelezi leo hawezi kesho kuuhukumu kwa haki. Ila hukumu ya 1944 ilikuwa imechukulia kwamba polisi wapo upande mmoja na mhalifu upande mwingine. Haikusema lolote kuhusu siku ambayo mtuhumiwa amevaa sare, au siku ambayo aliyeua ndiye anayempandisha cheo mkuu wa kituo.

Baada ya uhuru kulizuka kizuizi cha pili. Katiba ya India imewapa majimbo mamlaka juu ya polisi na usalama wa ndani. Serikali Kuu ina wapelelezi wake, waliotokana na kikosi kilichoanzishwa mwaka 1941, wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, kufuatilia rushwa kwenye manunuzi ya vita. Kikosi hicho kilitungiwa sheria mwaka 1946, na tarehe 1 Aprili 1963 kikapewa jina la CBI. Ila kifungu cha 6 cha sheria yake kinakataza kabisa kikosi hicho kufanya kazi ndani ya jimbo bila ridhaa ya serikali ya jimbo hilo. Kwa hiyo polisi wa jimbo wakiua kwa amri au kwa upofu wa wakubwa wao, anayepaswa kuwaruhusu wapelelezi wa nje waingie ni mkubwa huyohuyo. Wahenga wetu waliliona hilo waliposema kesi ya ngedere hakimu nyani.

Ufa wa kwanza mkubwa ulitokea mwaka 1988. Mwanamke wa Delhi, Kashmeri Devi, aliiambia Mahakama ya Juu kwamba mumewe alipigwa na polisi hadi akafa. Polisi walikuwa wameshafungua kesi, wameshapeleka hati ya mashtaka, na kwa mazoea mambo yalikuwa yamekwisha. Majaji walilisoma jalada wakaona limeandikwa kwa namna ya kuwakinga wahusika, wakaagiza CBI ipeleleze upya. Hoja kwamba hati ya mashtaka imeshawasilishwa haikuwazuia. Kwa mara ya kwanza ilionekana wazi kwamba jalada lililofungwa linaweza lenyewe kuwa sehemu ya kosa.

Miaka mitatu baadaye, Julai 1991, basi la mahujaji wa Kisingasinga lilisimamishwa na polisi katika wilaya ya Pilibhit, jimbo la Uttar Pradesh. Vijana wa kiume walishushwa. Usiku ule watu 10 waliuawa, na polisi wakatangaza matukio matatu tofauti ya majibizano ya risasi na magaidi. Msomaji wa magazeti ya Dar es Salaam au Nairobi anayajua maneno hayo, majibizano ya risasi, na anajua jinsi yanavyofunga mjadala. Wakili mmoja alilipeleka jambo hilo Mahakama ya Juu, na mwaka 1992 upelelezi ukahamishiwa CBI kwa sababu ambayo kwangu mimi bado ndiyo bora kuliko zote zilizoandikwa tangu hapo. Majaji walisema kwamba hata kama polisi wa eneo lile wangepeleleza kwa uaminifu mtupu, kazi yao isingeaminika, maana wanaotuhumiwa ni wao. Haikuwa lazima kwanza kuthibitisha kwamba wanapeleleza vibaya.

Uzito wa kauli hiyo upo kwa mjane. Ukimtaka alete ushahidi kwamba polisi wanaharibu ushahidi, unamtaka alete kitu kilicho ndani ya kabati ambalo funguo zake wanazo wao. Kauli ya Pilibhit inamwondolea mzigo huo. Inatosha kuonyesha nani anatuhumiwa na nani ameshika kalamu.

Polisi 57 walishtakiwa. Kumi walikufa kesi ikiendelea. Waliobaki, 47, walitiwa hatiani Aprili 2016 na kufungwa maisha, robo karne baada ya basi kusimamishwa. Desemba 2022 Mahakama Kuu ya Allahabad iliwapunguzia 43 kati yao kosa likawa kuua bila kukusudia, miaka saba. Niyasomapo hayo sioni kuwa uhamisho ulishindwa. Bila huo, tukio lingebaki kwenye vitabu kama ushindi wa polisi dhidi ya magaidi.

Turudi Punjab. CBI iliyaendea madaftari yaleyale ya kuni kwenye maeneo matatu ya kuchomea maiti wilayani Amritsar. Desemba 1996 iliipa mahakama hesabu: miili 2,097. Kati yake 585 ilitambuliwa kikamilifu, 274 kwa sehemu, na 1,238 haikutambuliwa kabisa. Majaji walitamka kwamba haki za binadamu zimevunjwa kwa kiwango cha kutisha, wakalikabidhi suala la fidia kwa Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu. Shauri la mauaji ya Khalra mwenyewe lilienda polepole zaidi. Shahidi mkuu alikuwa askari wa ngazi ya chini aliyesema alimwona akiwa kizuizini, na alichukua muda mrefu kupata ujasiri wa kusema. Novemba 2005 polisi sita walitiwa hatiani. Mahakama Kuu ilimwachia mmoja mwaka 2007 na kuwaongezea wanne adhabu kutoka miaka saba hadi kifungo cha maisha, na Mahakama ya Juu ikaithibitisha hukumu hiyo mwaka 2011. Kwa wale wengine wa kwenye madaftari, familia nyingi zilipewa fedha, lakini tume haikwenda hatua ya kutaja nani alimuua nani.

Sasa Gujarat, ambako jambo hili lilionekana katika sura yake iliyo mbaya kuliko zote.

Mwishoni mwa Februari 2002, ghasia dhidi ya Waislamu zilipowaka katika jimbo hilo, Bilkis Bano, mwanamke wa miaka 21 mwenye mimba ya miezi mitano, alikimbia kijiji chake cha Randhikpur pamoja na jamaa zake. Tarehe 3 Machi walizingirwa na wanaume aliowafahamu kwa majina, majirani. Walimbaka. Watu 14 wa familia yake waliuawa, akiwemo binti yake wa miaka mitatu. Yeye aliachwa akidhaniwa amekufa. Siku iliyofuata alifika kituo cha polisi cha Limkheda, akaeleza, akataja majina. Askari aliyeandika maelezo yake hakuandika kwamba amebakwa. Majina nayo hayakuandikwa.

Katika kesi ya jinai hilo ndilo tukio kubwa, kubwa kuliko hotuba yoyote ya wakili itakayofuata. Karatasi ya kwanza ya kituoni ndiyo msingi wa jalada zima. Miezi ikipita, wakili wa washtakiwa ataishika karatasi hiyo juu na kuuliza: kama kweli walikuwa hawa, mbona siku ya kwanza hukuwataja? Ndivyo ilivyokuwa. Machi 2003 hakimu alikubali ombi la polisi la kulifunga jalada, kwa maelezo kwamba ushahidi wa mama huyo unajipinga. Waliouandika vibaya ndio waliolalamika kwamba umeandikwa vibaya.

Desemba 2003, kwa msaada wa Tume ya Haki za Binadamu, Mahakama ya Juu ililihamishia jalada CBI. Mwanzoni mwa 2004 wapelelezi hao waliifukua miili msituni. Waliikuta haina mafuvu, na walieleza mahakamani kwamba ilikuwa imewekewa chumvi ili ioze haraka. Agosti mwaka huo kesi yenyewe ilitolewa Gujarat ikapelekwa Mumbai, jimbo la Maharashtra, kwa sababu mashahidi walikuwa wakitishwa. Januari 2008 watu 11 walifungwa maisha. Mei 2017 Mahakama Kuu ya Bombay ilikwenda mbele zaidi, ikafuta kuachiwa huru kwa polisi watano na madaktari wawili waliokuwa wamevuruga uchunguzi. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu iliamuru alipwe rupia milioni 5, apewe kazi na makazi.

Uhamisho ule wa kesi kwenda Mumbai uliendelea kumlinda Bilkis Bano hata baada ya hukumu, kwa namna ambayo sidhani kama aliyeuandika aliitazamia. Agosti 15, 2022, siku ya uhuru wa India, serikali ya Gujarat iliwaachia wote 11 kwa msamaha. Tarehe 8 Januari 2024 Mahakama ya Juu iliwarudisha jela. Sababu kuu ilikuwa rahisi: hukumu ilitolewa Maharashtra, basi mwenye mamlaka ya kusamehe alikuwa Maharashtra. Gujarat ilikuwa imesamehe kitu kisicho chake.

Wakati Gujarat ikiendelea hivyo, swali la mamlaka lilikuwa linapanda ngazi kutokea upande wa pili wa nchi. Usiku wa tarehe 4 Januari 2001, katika kijiji cha Chhota Angaria, wilaya ya Midnapore, West Bengal, wafuasi wa chama cha upinzani walishambuliwa ndani ya nyumba na nyumba ikatiwa moto. Ilidaiwa watu 11 waliuawa. Chama kilichotawala jimbo ndicho kilichotuhumiwa, na polisi waliochunguza walikuwa chini ya serikali ya chama hicho. Mahakama Kuu ya Calcutta iliona upelelezi hauendi, ikaiita CBI. Serikali ya jimbo ikakata rufaa kwa hoja nzito: Katiba imetupa sisi polisi, kifungu cha 6 kinataka ridhaa yetu, jaji hawezi kuvunja mgawanyo wa madaraka kwa kalamu yake.

Majaji watano walikaa pamoja kuijibu, na tarehe 17 Februari 2010 walitoa hukumu kwa kauli moja. Kifungu cha 6, walisema, kinaifunga Serikali Kuu. Hakiifungi mahakama. Raia ana haki ya kuishi, na haki hiyo inabeba ndani yake haki ya upelelezi wa kweli anapouawa au kuumizwa. Mahakama Kuu kwa Ibara ya 226, na Mahakama ya Juu kwa Ibara ya 32, zinaweza kuiita CBI jimbo likipenda lisipende. Kisha wakaweka breki: uwezo huo utumike kwa nadra, kwa tahadhari, katika hali za kipekee, usiwe jambo la kila siku na wala asipewe mtu kwa sababu tu amewalalamikia polisi. Wakitoa ovyo, walisema, CBI itazama chini ya mafuriko ya majalada na hata yale mazito hayatapelelezwa.

Breki hizo ni za lazima. Mtangazaji maarufu wa televisheni, Arnab Goswami, aliomba upelelezi dhidi yake uondolewe kwa polisi wa Mumbai, na tarehe 19 Mei 2020 Mahakama ya Juu ilimkatalia. Mtuhumiwa hachagui mpelelezi wake, na kutoridhika na maswali anayoulizwa si sababu. Nadhani walikuwa sahihi kabisa. Kama mwenye jina na mawakili anaweza kuhamisha jalada kwa kuwa halimpendezi, basi uhamisho umekuwa mlango mwingine wa wenye nacho. Ukubwa wa kosa nao hautoshi, wala kelele za magazeti. Kinachotosha ni kwamba mwenye jalada ana jambo la kupoteza ukweli ukipatikana.

Hapo linakuja swali ambalo hukumu ya 2010 haikulikamilisha: jalada linahamia kwa nani? CBI iko chini ya Serikali Kuu, na Serikali Kuu nayo ina chama. Katika shauri la shajara zilizodaiwa kuorodhesha fedha walizopewa wanasiasa wakubwa, lililoamuliwa mwaka 1997, Mahakama ya Juu ilibidi iisimamie CBI yenyewe hatua kwa hatua, maana ilikuwa imekalia ushahidi. Mei 2013, katika kashfa ya ugawaji wa vitalu vya makaa ya mawe, Jaji R. M. Lodha aliifananisha na kasuku ndani ya tundu anayesema kwa sauti ya bwana zake. Tangu Novemba 2018, Andhra Pradesh na West Bengal zilipoanza, majimbo mengi yaliyotawaliwa na vyama pinzani yalifuta ridhaa ya jumla ambayo yalikuwa yameipa CBI. Ridhaa ikiondoka, mlango unaobaki ni wa mahakama peke yake, na uzito wote unamwangukia jaji.

Kesi ya Sohrabuddin Sheikh inaonyesha jinsi uzito huo unavyoweza kumshinda. Mtu huyo aliuawa karibu na Ahmedabad Novemba 2005, na polisi wa Gujarat wakasema alikuwa gaidi aliyefyatua risasi. Mkewe, Kausar Bi, alitoweka. Ndugu yake Sohrabuddin aliiandikia Mahakama ya Juu barua. Kwa muda mrefu mahakama iliwaachia polisi wa jimbo waendelee huku ikiwafuatilia kwa karibu, na mwaka 2007 serikali ya Gujarat yenyewe ilikiri kwamba mauaji yale yalipangwa na kwamba Kausar Bi aliuawa na mwili wake ukachomwa. Shahidi muhimu, Tulsiram Prajapati, naye alikuwa ameshapigwa risasi na polisi Desemba 2006. CBI ilipewa jalada tarehe 12 Januari 2010. Julai mwaka huo ilimkamata aliyekuwa waziri wa nchi wa mambo ya ndani wa jimbo, Amit Shah. Desemba 2014 mahakama ya Mumbai ilimwondolea mashtaka, akiwa kiongozi wa chama kilichoshika Serikali Kuu. Tarehe 21 Desemba 2018 washtakiwa 22 waliobaki, karibu wote polisi wa vyeo vya chini, waliachiwa huru. Mashahidi 210 walisikilizwa, na 92 kati yao waliyakana maelezo yao ya awali. Jaji alisema anazionea huruma familia lakini ushahidi haukuwepo.

Wapo wanaoitumia kesi hiyo kusema kwamba uhamisho ni bure. Mimi naisoma kinyume chake. Kati ya Novemba 2005 na Januari 2010 kuna miaka minne na ushei. Katika miaka hiyo shahidi mmoja aliuawa, mwili ulikuwa umeshateketezwa, na kila aliyeona kitu alikuwa amepata nafasi ya kutosha ya kutafakari usalama wake. Mahakama ilifuatilia kwa karibu upelelezi uliokuwa mikononi mwa watu wasiopaswa kuwa nao.

Agosti 2024 ilionekana kana kwamba somo limeeleweka. Tarehe 9 mwili wa daktari mwanafunzi ulikutwa kwenye ukumbi wa mikutano wa hospitali ya R. G. Kar mjini Kolkata. Alikuwa amebakwa na kuuawa akiwa zamu. Polisi walimkamata mtu mmoja siku iliyofuata. Lakini mwanzoni kifo kiliandikwa kama kifo kisicho cha kawaida, na mkuu wa chuo alijiuzulu akapewa cheo kingine siku hiyohiyo. Tarehe 13 Mahakama Kuu ya Calcutta ilisema imetosha, jalada liende CBI. Siku nne. Na bado, CBI iliieleza Mahakama ya Juu kwamba ilipoingia, siku ya tano, eneo la tukio lilikuwa limeshabadilishwa. Januari 2025 aliyetiwa hatiani akafungwa maisha alikuwa yuleyule ambaye polisi wa Kolkata walimkamata mwanzo. Wazazi wa binti hawakuridhika, wanaamini kuna wengine. Nani sasa atawathibitishia vinginevyo?

Kenya imefuata njia nyingine. Badala ya kumngoja jaji, sheria ya mwaka 2011 iliunda mamlaka huru ya kuwasimamia polisi, IPOA, ambayo kifo mikononi mwa polisi ni kazi yake tangu siku ya kwanza. Juni 2025 kijana Albert Ojwang alipofia kwenye seli za Kituo Kikuu cha Polisi Nairobi, taarifa ya kwanza ya polisi ilisema aliugonga kichwa chake ukutani. Wapasuaji wa maiti walilikataa hilo, na ndani ya mwezi huohuo mkuu wa kituo na wenzake walifikishwa mahakamani kwa shtaka la mauaji. IPOA haikuhitaji ruhusa ya mtu ili ianze kupeleleza. Lakini hata hapo ilikuta kamera za kituo zimechezewa.

India inaijua njia hiyo ya kamera. Desemba 2020 Mahakama ya Juu iliamuru kila kituo cha polisi nchini kifungwe kamera langoni, kaunta, koridoni na mahabusu, na picha zake zitunzwe miezi 18, na pale mitambo isipoweza, si chini ya mwaka mmoja. Ni amri nzuri, na mwenye kuomba jalada lihamishwe anaweza siku ya kwanza kabisa kumtaka jaji aziweke picha hizo chini ya ulinzi wa mahakama, pamoja na daftari la kituo, simu za askari wa zamu na mwili wa marehemu, hata kabla swali la uhamisho halijasikilizwa. Jaji hahitaji kumwamini mlalamikaji ili atoe amri hiyo. Hamwiti mtu mwongo, hamnyang'anyi mtu kazi. Kwa Bilkis Bano uhamisho ulichukua miezi 21. Kama Limkheda pangekuwa na kamera mwaka 2002, na picha zake zingetunzwa kwa muda ambao amri ya 2020 inautaka, CBI ingefika miezi mitatu baada ya picha ya kaunta ile kufutika kwa mujibu wa kanuni, bila polisi yeyote kulazimika kuigusa.